Kofi la Nne

Kibugu, Embu
22 Januari 1979

Baba Mdogo mpendwa,

Nakusalimu kutoka kwenye baridi ambayo sikuitarajia. Mimi ni mzima, ni vidole tu vinavyogoma asubuhi. Mguu wa Mama Mdogo Kiende unaendeleaje? Mwambie zile soksi alizonifumia zimenifaa kuliko dawa. Mama ameniandikia kutoka Ruiri kwamba ng'ombe wamenenepa kidogo, na kwamba anakushukuru tena kwa kunilea na kunisomesha hapo Githongo tangu Baba alipofariki. Anarudia hilo kila barua, nami nakufikishia kila barua.

Nimepata chumba kwa mama mmoja mzee, Cucu Ciarunji, bibi wa kila mtu hapa, ambaye shamba lake la chai linapakana na msitu. Haulizi mambo mengi. Ananiita Mwalimu tu, ananipa uji, basi. Nilidhani nikifika huku nitajisikia nimerudi kwetu, maana ninyi husema asili yetu ni Embu, ingawa hamkuwahi kusema ni Embu ipi.

Sasa neno lenyewe. Siku ya pili ya muhula mwalimu mkuu, Bwana Njeru, aliniita ofisini.

"Mwalimu, ulisoma fizikia?"

"Mpaka kidato cha pili, Bwana. Mimi ni wa historia na dini."

"Hiyo ni fizikia nyingi kuliko yangu. Utachukua kidato cha pili na cha tatu."

Mwalimu aliyekuwapo alipata kazi ya benki Nairobi, akaondoka bila kuaga. Ameniachia chumba wanachokiita maabara: meza mbili, mizani isiyotulia, na kitabu kimoja ambacho panya wamekila kuanzia joto mpaka mwanga. Kilichosalia ni mwendo, na sauti. Ninasimama mbele ya watoto nikisoma sentensi nisizozielewa, wananakili, na hakuna anayeuliza. Hilo ndilo linaloniogopesha: kwamba tunaogopa pamoja, wao na mimi, na wote tumenyamaza.

Wewe una vitabu, na umefundisha somo hili maisha yako yote. Niambie nianzie wapi.

Mwanao,
Wanjira


Githongo, Meru
11 Februari 1979

Mwanangu,

Barua yako ilinikuta shambani. Kahawa imechanua baada ya ile mvua ya ghafla, shamba lote ni jeupe na linanukia mpaka jikoni. Kiende alitembea juzi mpaka sokoni na kurudi bila fimbo, na tangu hapo hatupati kupumzika kwa kusikia habari hizo. Anakusalimu.

Nilidhani umepangiwa Embu mjini. Hukuniambia ni Kibugu. Bado ni mapema, na najua huwa wanahamisha watu kabla ya Pasaka. Ukiomba hutakuwa wa kwanza, na si lazima utoe sababu.

Kuhusu vitabu. Nakutumia vitatu kwa dereva wa lori la ushirika, mtu mwaminifu, vimefungwa kwa gunia dogo. Usianze na fizikia. Hapo ndipo wengi huvunjika. Anayefungua fizikia bila hesabu zake ni kama mtu aliyeingia nyumbani kwa watu kupitia dirishani. Vitu ataviona, lakini hatajua mlango uko wapi.

Kitabu cha kijani ni aljebra. Kisome ukiwa na penseli mkononi. Mwandishi akisema "ni wazi kwamba," simama hapo hapo, kwa sababu mara nyingi si wazi hata kidogo, yeye alichoka tu. Cha pili ni jiometri. Usikariri, chora. Cha tatu ni trigonometria, na nyuma yake kuna majedwali. Hicho kitakupa uwezo wa kupima mahali usipoweza kufika. Ukimaliza, nitakutumia mwendo na nguvu, halafu kalkulasi, ile hesabu ya vitu vinavyobadilika, halafu umeme. Watoto wape unachokielewa. Kukielewa leo na kukifundisha kesho si aibu; mimi niliishi hivyo miaka mingi.

Sura ya sauti usihangaike nayo. Ukilazimika, ifundishie humo humo darasani kwa kile chuma cha miguu miwili kinacholia ukikigonga. Hakuna haja ya kutoka nje.

Fikiria juu ya uhamisho.

Njagi


Kibugu
8 Aprili 1979

Baba Mdogo mpendwa,

Salamu nyingi kwako na kwa Mama Mdogo. Huku mvua ndefu imeanza, chai imechipua mpaka Cucu Ciarunji analalamika kwamba mikono yake ni miwili tu. Nimemsaidia kuchuma Jumamosi mbili na amenicheka. Anasema ninachuma kama mtu anayechagua nguo.

Gunia lilifika kavu. Sijui nikueleze vipi. Nimefanya kila zoezi la kitabu cha kijani, na pale kwenye "ni wazi kwamba" nimesimama kama ulivyosema, na safari moja nikakwama wiki nzima. Kisha nikafika kwenye trigonometria, na siku moja nikawatoa watoto nje tukapima ule mkaratusi ulio nyuma ya jiko la shule kwa kutumia pembe na kivuli. Bwana Njeru hakuamini, akamtafuta mtu wa kupanda na kamba. Tulikosea kwa urefu wa mkono. Watoto walipiga kelele kana kwamba tumeshinda kombe. Sasa wanauliza maswali, Baba Mdogo! Wananiuliza mpaka nakimbia kujificha na kitabu. Kwa hiyo sikuomba uhamisho. Nitaombaje sasa?

Najua uliniambia kuhusu sauti. Lakini panya walituachia sura hiyo, nasi hatuna anasa ya kuchagua. Kitabu kinaeleza jaribio la mwangwi: unasimama mbali na ukuta mkubwa, unapiga makofi, unasikiliza yanavyorudi, na kutokana na umbali na muda unapata mwendo wa sauti. Chini ya shule kuna bonde lenye malisho, na ng'ambo ya mto kuna jabali lililosimama wima. Mahali pazuri kama pametengenezwa kwa kazi hiyo.

Nilipiga makofi matatu. Jabali likarudisha matatu, safi kabisa, watoto wakacheka. Kisha, baada ya kimya kifupi, likaja la nne.

"Nani amepiga?" niliuliza.

Wote waliinua mikono juu, mitupu, wakiapa. Nikapiga mawili. Yakarudi mawili, kimya, halafu la tatu. Nikapiga moja. Likarudi moja, halafu jingine. Ukungu ulikuwa umeanza kushuka kutoka msituni na darasa halikuwa linacheka tena, kwa hiyo nikawarudisha.

Ni kitu gani? Nina hakika kuna maelezo. Nitumie kitabu cha mawimbi.

Wanjira


Githongo
17 Aprili 1979

Mwanangu,

Sisi ni wazima.

Ulichosikia ni ukuta wa pili. Sauti inagonga jabali, inarudi, na sehemu yake inagonga ukuta mwingine ulio mbali zaidi, hiyo ikachelewa. Jambo la kawaida kwenye mabonde. Unasema kulikuwa na ukungu. Ulishuka kutoka upande gani? La, usinijibu, haina maana kwa hesabu.

Usiwapeleke watoto bondeni tena. Wazazi watalalamika, mto una maji mengi msimu huu.

Kitabu cha mawimbi sina.

Nakutumia kile cha mwendo na nguvu. Anza na sura ya vekta na usiiruke.

Njagi


Kibugu
10 Juni 1979

Baba Mdogo mpendwa,

Natumaini mnaendelea vizuri na kwamba mvua haijaharibu barabara ya kiwanda cha kahawa. Cucu anakohoa, nimemnunulia dawa ya maji akaificha. Mama ameandika kwamba ndama mmoja amekufa Ruiri. Mengine ni mema.

Nimesoma vekta. Pia nimefikiri juu ya ukuta wako wa pili, na nakuomba usinikasirikie. Kama kungekuwa na ukuta wa pili, ungerudisha kila kofi. Nikipiga matatu ningesikia sita. Ninasikia manne. Hakuna ukuta unaochagua kofi moja. Wewe ndiye uliyenifundisha kutosonga mbele mpaka jambo liwe wazi, na hili si wazi, na nadhani ulijua ulipokuwa ukiliandika.

Nilikwenda tena, bila watoto wadogo, nikiwa na wanafunzi wachache wakubwa wa kidato cha tatu. Tulijigawa makundi mawili, kila kundi lielekeze fimbo pale kofi la ziada linapotoka, kisha tukachora mistari kwenye karatasi kama kitabu kinavyosema. Mistari ilikutana vizuri. Mara ya kwanza ilikutana ndani ya msitu. Mara ya pili, kwenye ukingo wa mto. Mara ya tatu ilikutana kwenye malisho, upande wetu. Tulitazama hapo. Kulikuwa na majani tu na ukungu.

Halafu kuna jambo ambalo sikuliandika mwanzoni kwa sababu nilidhani masikio yangu yananidanganya. Makofi yangu yanarudi na sauti ya mikono yangu. Lile la ziada lina sauti nyingine. Ni jembamba. Ni mikono midogo.

Niliporudi nikiwa nimelowa, Cucu Ciarunji alikuwa akichagua chai mlangoni. Akaniuliza nimetoka wapi, nikamwambia. Akasimamisha mikono.

"Mwalimu, hebu niambie. Wewe unaitwa nani?"

"Wanjira."

"Wanjira wa nani?"

"Wa Ndwiga. Marehemu. Babu alikuwa seremala, alihamia Meru zamani."

Aliweka kikapu chini taratibu. Alinitazama mikono, si uso. Kisha akasema, "Usimpigie tena. Yeye bado anachunga. Hakuna aliyemwambia kwamba mlihama."

Kesho yake asubuhi hakunipa uji.

Baba Mdogo, mimi ni binti wa tatu. Kwa desturi yetu binti wa tatu huitwa jina la dada wa baba yake. Sijawahi kusikia kwamba Baba alikuwa na dada. Niliitwa jina la nani?

Wanjira


Kibugu
2 Septemba 1979

Baba Mdogo,

Nakusalimu. Hukujibu barua yangu ya mwezi wa sita. Nilijiambia imepotea posta. Kisha likizo ilipofika nikapitia Githongo nikitoka Ruiri, na Mama Mdogo akanipikia na kuniambia umekwenda kiwandani mara hii tu, utarudi. Nilikaa mpaka lori langu likapiga honi. Hukurudi. Mama Mdogo aliona haya, akasema, "Siku hizi mzee wako hata mimi ananipita."

Nikiwa nakungoja niliingia chumba chako cha vitabu. Sikuiba kitu. Lakini ile rafu ya chini, ambayo tangu utotoni mwangu vitabu vyake vimegeuzwa migongo ikatazama ukuta, niliigeuza. Sauti. Mawimbi. Mwangwi wa majumba. Sauti ndani ya maji, sauti ndani ya hewa baridi. Vingine vya Kijerumani, ambacho najua hukisomi. Na uliniandikia kwamba huna.

Nikakumbuka vitu vingi kwa pamoja. Kwamba kanisani, kwaya inapomaliza, wewe hupigi makofi. Unaweka mikono mifukoni. Kwamba hata jina langu hujawahi kuliita. Ni mwanangu, mwanangu, miaka yote hii.

Ningekuacha na siri yako. Lakini haikai tena bondeni. Siku ya wazazi, mwezi wa saba, watoto waliimba, uwanja mzima ukapiga makofi, na baada ya watu wote kunyamaza likaja kofi moja, jembamba, kutoka nyuma ya jiko. Bwana Njeru aligeuka, akakohoa, akaendelea na hotuba. Kila mtu aliendelea. Ni watu wa huku, wamezoea kuendelea.

Wiki iliyopita msichana wangu wa kidato cha pili, Igoki, hakurudi darasani baada ya chakula cha mchana. Ukungu ulikuwa mzito. Nilimkuta mtoni, maji yakiwa magotini, anapiga makofi na kusikiliza, anapiga na kusikiliza, huku akisogea mbele. Nilimvuta kwa sweta.

"Unafanya nini wewe?"

"Ananiita, Mwalimu."

"Anakuitaje? Anasema nini?"

Alinitazama kama mimi ndiye mjinga. "Hasemi. Hawezi kusema. Ndiyo maana anapiga."

Sikuwahi kumwambia mtoto yeyote neno la Cucu. Sasa nakuomba, si kama mwana. Nakuomba kama mwalimu mwenzako mwenye watoto mikononi. Ni nani yule?

Wanjira


Githongo
14 Septemba 1979

Wanjira,

Nimeliandika. Nimekaa na karatasi hii tangu asubuhi, na neno hilo moja limechukua muda mwingi kuliko yote yatakayofuata. Kiende ni mzima. Samahani kwa siku ile. Nilikuwa nimekaa nyuma ya mapipa ya kiwanda, nikaliona lori lako likipita.

Nilikuwa na dada. Alikuwa mdogo wangu, aliitwa Wanjira. Alisikia kila kitu, hata nyoka kwenye majani, lakini hakutoa neno tangu kuzaliwa. Tulichunga mbuzi katika bonde hilo, mimi upande wa malisho, yeye ng'ambo, chini ya jabali. Kwa kuwa hakuweza kuniita, tulipigiana makofi. Nikipiga matatu anajibu matatu, halafu anaongeza moja. Daima moja. Nilijaribu kumshinda, nikapiga mengi mpaka viganja vikawaka, naye anajibu yote na kuongeza lake. Hicho ndicho kilichokuwa kicheko chake. Hakuwa na kingine.

Siku hiyo ukungu ulishuka mchana. Mbuzi wake walirudi wote, yeye hakurudi. Nikapiga, akajibu. Baba akavuka na wanaume wa jirani, nami pamoja nao. Tunapiga, anajibu kutoka juu. Tukipanda, anajibu kutoka chini tulikotoka. Hatukuona hata unyayo. Tulirudi kesho yake, na kesho yake, na kila tulipopiga alijibu. Wanjira, alijibu mpaka wakati ambapo mtoto asiyekula hawezi tena kuwa na nguvu za kujibu. Wanaume waliacha kuja. Mimi sikuacha. Ndipo mama alipovua kitambaa chake cha kichwa, akanifunga mikono pamoja, akaniongoza nyumbani hivyo, watu wakitazama. Tulihama kabla ya mavuno. Jina lake halikutajwa tena kwetu. Baba yako alipokuja kuniambia binti wa tatu ataitwa jina hilo kwa sababu ni haki yake, nilitoka nje ya nyumba.

Shuleni Meru, kitabu cha kwanza nilichoomba kilikuwa cha sauti. Sikuelewa hata ukurasa. Mwalimu akaniambia nirudi nyuma: aljebra, jiometri, trigonometria, na kadhalika. Mpangilio wa vitabu niliokupa ni njia niliyopita mimi nikimtafuta. Na vitabu havikuninyima. Nilijifunza kwamba hewa ikiwa baridi chini na yenye joto juu, sauti hupinda kurejea ardhini na kwenda mbali, na sikio hukosea ilikotoka. Nilipoelewa hilo nililia, kwa sababu lilieleza kwa nini tulimtafuta mahali ambapo hakuwapo. Halikueleza kwa nini alijibu siku zote zile. Nikanunua kitabu kingine. Nikanunua kingine. Vile vya Kijerumani nilivinunua kwa ajili ya michoro.

Kiende hajui. Nimeishi naye ndoa nzima bila kumwambia, mwanzoni kwa sababu ya mama, baadaye kwa sababu muda ulikuwa umepita.

Waweke watoto mbali na mto. Nitakuja na lori la ushirika Jumamosi ya kwanza ya Oktoba, na kitabu cha mawimbi nitakibeba mwenyewe.

Njagi


Kibugu
21 Oktoba 1979

Baba Mdogo,

Natumaini ulifika salama na viatu vilikauka. Cucu Ciarunji anakusalimu. Anasema bado una magoti ya baba yako. Tangu ulipoondoka amerudi kunipa uji.

Uliniambia nibaki juu kwenye chai, nikabaki. Sikukuuliza kitu ulipopanda kwa sababu ya uso wako. Lakini nataka ujue nilichosikia. Nilisikia ukipiga matatu, jabali likarudisha matatu, na la nne likaja upesi mno, halikungoja kabisa, kama mtu aliyekuwa amekaa tayari. Halafu nikakusikia unazungumza, sauti ya kawaida, kama mtu anayezungumza na jirani uani. Ilikuwa maneno mengi. Ukungu ukafunika kila kitu, na mara moja nilidhani naona watu wawili kwenye malisho, lakini huko chini kuna visiki.

Ulipofika uliniomba chai, ukanywa, ukaniachia kitabu, ukaenda.

Jumatano niliwapeleka kidato cha tatu tena. Nilipiga matatu. Yakarudi matatu. Tulingoja. Hakuna. Tulipiga tena na tena, tukapima muda kwa saa ya Bwana Njeru, tukakokotoa, na jibu likawa karibu kabisa na la kitabu, hasa tulipokumbuka kupunguza kwa ajili ya baridi. Watoto walifurahi sana. Ni jaribio la kwanza katika shule hii kutoa jibu sahihi.

Igoki alilia. Aliniuliza, "Ameenda wapi?" Nilipaswa kufurahi pamoja na wengine, nami nilisimama pale nikiwa kama mtu aliyehamishwa nyumba bila kuulizwa. Bonde lile sasa ni bonde tu.

Ulimwambia nini?

Kitabu cha mawimbi nimefika katikati. Kuna alama za hesabu ambazo sijui zinasomwaje, nadhani ndizo kalkulasi. Nitumie.

Wanjira


Githongo
18 Novemba 1979

Wanjira,

Tuko katikati ya mavuno ya kahawa, kila mtu ana madoa mekundu mikononi, na Kiende amesahau mguu wake kabisa. Kalkulasi naituma na dereva yule yule. Ni vitabu viwili. Kile chembamba ndicho kizuri, kile kinene ni cha kukutisha. Usiogope zile alama. Zinasema tu jambo linavyogeuka kidogo kidogo mpaka likawa jambo jingine.

Umeniuliza nilimwambia nini. Niliona haya kuliandika, mtu mzima, mwalimu wa fizikia, akizungumza na ukungu. Nilimwambia kwamba tulihama. Kwamba baba alikufa, na mama, na Ndwiga, na kwamba mama alinifunga mikono kwa kuniogopea mimi, si kwa kumchukia yeye. Kwamba mbuzi walirudi wote, alichunga vizuri. Kisha nikamwelekeza njia. Nilimwambia afuate barabara ya lori, apite Meru, ashuke Githongo, aulize shamba la kahawa lililo chini ya kanisa, nyumba yenye bati la rangi ya matofali. Nilipiga tena matatu, taratibu, nikasikiliza. Hakuongeza. Nilipanda nikijua nimempoteza mara ya pili, na huo ndio uso uliouona.

Alhamisi alasiri nilikuwa mlangoni nikitengeneza kikapu. Ukungu ulikuwa umeingia shambani, jambo ambalo si la kawaida mwezi huu. Kiende na wachumaji walikuwa chini kwenye mistari ya mwisho. Nilipiga kofi moja kufukuza kuku kwenye kahawa iliyoanikwa. Likarudi moja kutoka kwenye ukuta wa kanisa, ndivyo linavyorudi siku zote.

Kisha likaja la pili.

Nilisimama tu. Sikupiga tena. Baada ya muda Kiende akatoka kwenye miti ya kahawa na kikapu mgongoni, akitazama nyuma, akitabasamu kama mtu aliyechezewa.

"Njagi," akasema, "kuna kasichana kule chini kanatupigia makofi. Nimekaita hakajibu, kanacheka kwa mikono tu. Ni wa nani yule?"

Nikamwambia, "Ni wetu."

Njagi